Maswali na majibu: Wamethodisti waliofukuzwa kwa ajili ya viti

Juma lililopita niliwagusia Wamethodisti Huru wa Marekani, watu wa utakaso, yaani wa kusafishwa moyo na Mungu, waliojitenga na kanisa mama la Kimethodisti, na maswali yakamiminika. Haya ndiyo niliyoweza kuyajibu kwa nafasi hii.

Bwana asifiwe. Waligombania nini hasa mpaka wakagawanyika? (Msomaji, Marangu)

Asifiwe sana. Kubwa lilikuwa viti. Miaka ya 1850, magharibi mwa jimbo la New York, makanisa mengi ya Kimethodisti yalipata fedha kwa kuuza au kukodisha mabenchi kwa familia. Umeshaona mnada wa mavuno nje ya kanisa, mkungu wa ndizi unavyopanda bei hadi mwenye uwezo anauchukua. Sasa fikiria kinachonadiwa ni benchi la mbele, na aliyelipata analikalia na wanawe tu mwaka mzima. Kibarua wa shambani akifika na mkewe, watasimama nyuma au watarudi nyumbani.

Mchungaji B. T. Roberts aliyaandika hayo waziwazi mwaka 1857, akilalamika pia kwamba wenzake wameacha kuhubiri utakaso. Akakaripiwa. Kisha mtu mwingine akayachapa upya maneno yake katika kijitabu, na mwaka 1858 Roberts akafukuzwa, ingawa alikana kuhusika na kijitabu hicho. Waumini waliomuunga mkono nao wakaondolewa ushirikani. Rufaa yake ilikataliwa mjini Buffalo Mei 1860. Agosti mwaka huohuo yeye na wenzake wakakutana katika kijiji cha Pekin, hukohuko New York, na kuanzisha kanisa lao: viti bure kwa wote, mwenye kumiliki watumwa hapokelewi, na anayelia au kupaza sauti ibadani asinyamazishwe.

Mimi siwaiti waasi. Walitolewa nje kwanza, ndipo wakajenga. Hata kanisa mama lilikuja kuliona hilo: mwaka 1910 konferensi yake ya Genesee, ileile iliyomfukuza, ilirudisha hati ya uchungaji ya Roberts. Aliyeipokea ni mwanawe, maana mwenyewe alishafariki tangu 1893. Inaniuma kila nikisoma habari hiyo, kwa kuwa haki ile ingeweza kutendeka angali hai.

Huo utakaso ni tofauti na kuokoka kwetu? (Mama wa kwaya, Sakina, Arusha)

Mama, kwa mafundisho ya John Wesley, mwanzilishi wa Umethodisti, kuokoka ni mwanzo. Baada ya hapo Mungu anaweza kuusafisha moyo wa muumini ukajaa upendo mtupu, hapahapa duniani. Watu wa utakaso wakasisitiza kwamba neema hiyo hupokelewa kwa imani, na yaweza kuja mara moja. Sisi Walutheri tunasita hapo, tukisema muumini ni mwenye haki na mwenye dhambi kwa pamoja, nami nasimama upande huo. Lakini siwezi kuwabeza. Mtu wa uamsho anapobisha hodi kwa jirani, jembe mkononi, akisema "hili nililichukua kwako, nisamehe", sioni tofauti kubwa na kile walichokuwa wakikililia wale Wamethodisti Huru.

Ni kweli Wamethodisti walifika Kilimanjaro kabla ya Walutheri? (Mwanafunzi, Old Moshi)

Kweli. Charles New, mmisionari wa misheni ya Ribe karibu na Mombasa, alipanda mpaka kwenye theluji mwaka 1871. Kanisa lililomtuma nalo lilikuwa la Wamethodisti waliojitenga, wa Uingereza. Safari ya kwanza Mangi Rindi, mtawala wa Wachaga wa Moshi, alimpokea. New aliporudi tena, Rindi alimnyang'anya mali, na New akafa njiani akielekea pwani, Februari 1875. Misheni ya Leipzig, ya Walutheri wa Ujerumani, ilikuja 1893.

Wanawake wao walihubiri? (Mwinjilisti, Usa River)

Walihubiri, ila hawakubarikiwa kuwa wachungaji. Roberts alilitetea jambo hilo mwaka 1890, akashindwa kwa kura, na mwaka uliofuata akaandika kitabu kizima kulitetea. Kanisa lake lilikubali 1974. Sisi Walutheri wa Tanzania, KKKT, tuliamua 1990, kwa hiyo tusiwacheke.

Mzee wa kanisa amekataza mkesha wetu. Wenzangu wanataka tuanzishe kanisa letu. Tufanyeje? (Kijana, Tengeru)

Kijana wangu, msiondoke bado. Uamsho uliotoka Gahini, Rwanda, miaka ya 1930 ulipata misukosuko mikubwa kuliko wenu. Mwaka 1941 chuo cha theolojia cha Waanglikana cha Mukono, Uganda, kilifukuza wanafunzi zaidi ya 20 kwa ajili yake, akiwemo William Nagenda, aliyekuja kuwa mhubiri mashuhuri wa uamsho huo. Wakabaki Waanglikana, wakaendelea kushuhudia, na moto ule ukafika hadi sharika zetu za kaskazini.

Mwendeeni huyo mzee nyumbani, wawili au watatu, mumuulize anachohofia. Huenda ni spika usiku wa manane, au mabinti wanaorudi peke yao saa nane. Hayo yanarekebishika: zimeni spika, anzeni saa kumi na mbili jioni, kila binti asindikizwe. Sadaka yoyote ipitie kwa mhazini wa usharika, na hapo nasema kwa ukali, kwa sababu mkishika fedha zenu pembeni mmeshajitenga hata kama bado mnaketi benchi moja. Akishikilia kukataa, pelekeni barua kwa mchungaji, kisha kwa mkuu wa jimbo, na mbaki na nakala yenye tarehe. Wakati mnasubiri, salini nyumba kwa nyumba. Kwa hilo hamhitaji kibali cha mtu.