Kiini cha atomu hakuna aliyekiona, walijuaje kipo?

Mkuu, umeuliza walijuaje kwamba atomu ina kiini ilhali hakuna aliyekitia machoni. Nimefundisha fizikia sekondari miaka mingi, na swali hili nalipenda kuliko yote, maana wengi tumesimuliwa nusu tu ya kisa.

Nusu yenyewe ni hii. Manchester, 1909, Hans Geiger na Ernest Marsden, kijana wa miaka 20 aliyekuwa bado anasomea shahada ya kwanza, walielekeza chembe za alfa (chembe ndogo mno zenye chaji chanya zinazotoka kwenye vitu vyenye mnururisho, kama radiamu) kwenye vibati vyembamba vya metali. Karibu zote zilipenya. Ila kwenye platinamu, takriban 1 kati ya 8,000 ilirudi ilikotoka. Mwaka 1911 mkuu wao, Rutherford, akasema karibu uzito wote wa atomu umejikusanya katikati, mahali padogo mno.

Vitabu vingi huishia hapo. Nusu ya pili niliionyesha darasani. Siku moja niliweka jiwe chini ya plaiwudi ya upana wa sentimita 60, nimeiegesha juu ya matofali. Wanafunzi wakawa wanavingirisha gololi kwa chini, kila mara kutokea sehemu nyingine ya ukingo, marufuku kuchungulia. Gololi ya tatu ikarudi. "Kuna kitu!" Sawa, lakini kikubwa kiasi gani? Gololi moja haiwezi kukwambia. Ikabidi tuhesabu: kati ya gololi 100, 12 ziligonga. Asilimia 12 ya 60 ni 7.2. Toa upana wa gololi yenyewe, 1.5, inabaki 5.7. Tulipofunua, rula ikasoma 6. Darasa zima lilinyamaza.

Geiger na Marsden nao walihesabu. Walikaa gizani mpaka macho yazoee, jicho kwenye hadubini, wakihesabu vimweko hafifu kwenye kioo cha salfaidi ya zinki, ambacho humweka kila alfa inapokigonga, kimoja kimoja. Kufikia 1913 vilikuwa vimezidi 100,000, kwa alfa zilizopinda kutoka njia yao kwa pembe za nyuzi 5 hadi 150. Kwa kanuni ya Rutherford, hesabu yake ya alfa ngapi zitapinda kwa pembe ipi iwapo kiini kipo, kati ya pembe hizo mbili idadi ilipaswa kushuka zaidi ya mara 200,000. Wakakuta inashuka hivyo hivyo. Kwangu mimi ushahidi ni huo, hizo zilizorudi zilifungua mlango tu.

Na alfa haigongi kiini kama gololi. Nguvu ya umeme huipindisha kabla haijakigusa. Ndiyo maana mwaka 1911 Rutherford hakuweza kuamua kama kiini ni chanya au hasi: kivute au kisukume, hesabu ya pembe hutoka ileile.