Tofaa Si Tufaha: Kobla Iliyogeuka Mchuzi

Barua za safari hii zimetoka Tanga na viunga vyake, na zote zinahusu kobla, yaani chakula kitamu cha matunda yaliyopikwa na kufunikwa kwa matonge ya unga laini, kisha kuokwa mpaka juu pakawa na rangi ya kahawia. Kwa Kiingereza jina hilohilo ni la fundi viatu, lakini ngozi na gundi tuviache kwake.

SWALI: Shikamoo Shangazi. Mimi ni msomaji wa Ngamiani. Nilipata maelekezo ya kobla yaliyofasiriwa kutoka Kiingereza, yakinitaka nichukue matofaa manane, niyakate vipande, niyachanganye na sukari na mdalasini, kisha niweke unga juu na kuoka. Kwa kuwa uani kwetu upo mtofaa na ulikuwa umezaa sana, nilichuma manane yaliyoiva vizuri, nikafuata kila nilichoambiwa, nikapika kwa jiko la mkaa. Baada ya saa nzima unga ulikuwa bado mweupe na mbichi, na chini yake palikuwa na maji matupu yenye rangi ya waridi, hata shemeji yangu akauliza kama ameandaliwa uji au mchuzi. Nimekosea wapi? Na je, kobla inapikika bila oveni?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Kosa la kwanza si lako, ni la mfasiri. Wapo wanaoandika "tofaa" wakikusudia tufaha, lile tunda la nchi za baridi ambalo wauzaji wa sokoni huliita epo, ilhali kwetu sisi watu wa pwani tofaa ni tunda jingine kabisa, lenye nyama nyeupe kama sifongo, maji mengi na harufu ya mbali ya waridi. Mtofaa ni wa jamii moja na mkarafuu, mzambarau na mpera, na mtufaha ni wa jamii ya mawaridi, kwa hiyo miti hiyo miwili haina udugu wa karibu wowote. Majina yamefanana, na kufanana huko ndiko kulikokuharibia sukari yako.

Tofauti inayohusu sufuria ni hii. Tufaha nalo lina maji mengi, kwani takribani asilimia 85 ya uzito wake ni maji, lakini maji hayo yameshikwa katika nyama iliyobana na yenye pektini ya kutosha, ile ile inayoifanya jemu igande. Tofaa lina maji zaidi ya hapo na nyama yake ni legevu, hivyo likipata moto huyaachia maji yote kwa pamoja na kubaki nyuzinyuzi. Unga uliouweka juu haukuokwa, bali ulichemshwa kwa mvuke, na kitu kinachochemshwa hakigeuki rangi hata ukikiacha mpaka alfajiri. Matofaa yako yale mabichi kwa chumvi na pilipili, au yapike taratibu kwa sukari, ndimu na karafuu mbili tatu yawe kitoweleo cha maandazi, lakini usiyatie tena katika kobla.

Sasa nunua matufaha, kiasi cha kilo moja, ambayo kwa kawaida ni sita makubwa. Chagua yale ya kijani yenye ukakasi, aina ya Granny Smith, iliyoanzia Australia mwaka 1868 na kupewa jina la bibi mkulima aliyeiotesha, kwa sababu hushika umbo lake yakiiva na uchachu wake huikata sukari. Yale mekundu yanayong'aa, yanayopendeza sana kwenye meza za wauzaji, mara nyingi huwa ya ungaunga ndani na hugeuka rojo. Menya, toa kokwa, kata vipande vyenye unene wa kidole kidogo, na uvichanganye papo hapo na kijiko kikubwa kimoja cha maji ya ndimu ili visigeuke rangi, gramu 100 za sukari, kijiko cha chai kimoja cha mdalasini na nusu kijiko cha iliki iliyotwangwa. Iliki haimo katika maelekezo ya Wamarekani, lakini mimi sioni sababu ya mtu anayeishi jirani na Amani, ambako iliki na mdalasini hulimwa, kupika matunda bila kuitia.

Hatua inayofuata ndiyo watu wengi huiruka. Acha vipande hivyo nusu saa, na utaona sukari imeyavuta maji nje yakatuama chini ya bakuli. Vimimine pamoja na maji yake katika sufuria, funika, vipike kwa moto wa wastani dakika nane hadi kumi, mpaka vianze kulainika bila kuvunjika. Koroga kijiko kikubwa kimoja cha konflawa katika maji baridi kidogo, umimine humo, ukoroge mpaka maji yatokote, yawe mazito na yang'ae. Konflawa isiyotokota haifanyi kazi yake. Hubaki na ladha ya chokaa, na maji hubaki maji. Kama unayo bakuli la enameli, tumia hilo, kwa maana uchachu wa ndimu na matufaha huikwaruza sufuria nyepesi ya alumini na kukuachia ladha ya bati.

Unga wa juu ni gramu 200 za unga wa ngano, vijiko vikubwa vitatu vya sukari, vijiko vya chai viwili vya bekingi pauda, nusu kijiko cha chumvi, gramu 85 za siagi baridi na mililita 150 za mtindi. Katika joto letu la Tanga siagi huyeyuka kabla hujageuka, kwa hiyo igandishe, uikwaruze kwa kikwaruzio cha karoti moja kwa moja ndani ya unga, na uichanganye kwa ncha za vidole mpaka unga uwe kama chenga. Mtindi uutie mwisho kabisa na ukoroge mara chache tu, ukiacha mabonge madogo bila kuyashughulikia, kwa kuwa huu si unga wa chapati. Ukiukanda utashikana na kuwa mgumu. Chota kwa kijiko, udondoshe matonge juu ya matunda yakiwa bado ya moto, ukiacha nafasi kati ya tonge na tonge ili mvuke upate pa kutokea.

Kuhusu oveni, usiwe na wasiwasi. Katika karne ya 19, Wamarekani waliokuwa wakihamia magharibi kwa magari ya kukokotwa na ng'ombe hawakuwa na oveni njiani. Walipika kobla katika sufuria nzito ya chuma yenye miguu mitatu na mfuniko wenye ukingo, wakaweka makaa chini na mengine wakayapalia juu ya mfuniko. Mama zetu wanaopalia wali wa nazi na mkate wa kumimina wanaijua kazi hiyo bila kufundishwa na mtu. Tandaza mchanga mkavu ndani ya sufuria kubwa, uipashe moto dakika kumi na tano, weka bakuli lako juu ya mchanga, kisha funika kwa sinia la bati na upalie makaa. Gawa makaa mafungu matatu, fungu moja likae chini na mawili yakae juu, kwa maana matunda yako yameshaiva na anayehitaji moto sasa ni unga. Makaa ya chini yapange kwa duara, usiyarundike katikati. Funua baada ya dakika thelathini, si kabla, kwa sababu kila ukifunua unaanza upya, na kumbuka kukung'uta majivu, kwani majivu ni blanketi la moto.

SWALI: Assalaam alaykum. Nina mgahawa mdogo upande wa Raskazone, na ninatumia oveni ya umeme. Kobla yangu hupendeza juu, lakini mteja akichota kijiko hukuta chini ya ule unga pana utando mbichi unaonata. Nimeongeza muda, nikaunguza juu, na utando haukuondoka.

JIBU: Wa alaykum salaam, kaka yangu. Bila shaka unayaandaa matunda asubuhi, unayaweka katika jokofu, na unaweka unga juu yake mteja anapoagiza. Tonge la unga likikaa juu ya matunda baridi hupata moto upande mmoja tu, na sehemu ya chini huloa kabla haijaanza kuiva. Pasha matunda mpaka yatokote, ndipo uweke unga, na trei iingie katika oveni iliyokwisha kufika nyuzi joto 190. Matonge yasizidi ukubwa wa limau dogo. Muda ni dakika 35 hadi 40, lakini usiamini saa peke yake: nyanyua tonge la katikati kwa uma uangalie tumbo lake, ambalo linatakiwa kuwa kama la mkate, na uhakikishe kuwa matunda yanatokota katikati ya trei, sio pembeni tu. Juu pakikolea mapema, funika kwa karatasi ya foili na uendelee.

Jambo moja la biashara hukuliuliza, lakini nitalisema. Usimpakulie mteja kobla iliyotoka motoni sasa hivi, hata akikuharakisha. Konflawa hukaza inapopoa, na kobla iliyopumzika dakika ishirini hutoa mchuzi mzito unaoshika kijiko, wakati ile ya papo hapo hutiririka na kukufanya uonekane hujui kazi.

SWALI: Shangazi, mimi niko Lushoto. Matufaha ya huku kwetu milimani ni madogo na machachu kuliko yale yanayotoka Afrika Kusini, na mengine yana madoa. Je, yanafaa, au nitafute ya dukani?

JIBU: Yanafaa, na kwa kazi hii ningeyachagua kabla ya yale ya dukani. Madoa ya ngozi yanaondoka na maganda. Linalokatazwa ni tunda lililooza ndani. Kwa kuwa ni madogo, usihesabu idadi, pima uzito, na upime baada ya kumenya, kwa sababu maganda na kokwa za matufaha madogo hula sehemu kubwa. Onja kipande kabla ya kutia sukari. Kikikukunja uso, ongeza sukari hadi gramu 130 na uache ndimu kabisa. Pia huko kwenu hupatikana plamu na mapeasi, na matunda hayo huchanganyika vizuri na matufaha katika sufuria moja. Plamu ziwe chache, maana zina maji, na zitiwe wakati matufaha yameshalainika.

SWALI: Maelekezo niliyonayo yanasema "hamira kijiko kimoja". Niliitia, na unga haukuumuka hata kidogo. Je, hamira yangu imekufa? Msomaji, Chumbageni.

JIBU: Huenda iko hai na ina afya kuliko sisi, dada yangu. Huyo naye ni mfasiri aliyeandika hamira alipokusudia bekingi pauda. Hamira ni kiumbe, inahitaji uvuguvugu na muda wa kuumua, kama unavyoifanyia maandazi, na kobla haina muda huo. Bekingi pauda huanza kutoa hewa inapolowana, na huendelea ikipata moto, ndiyo maana unga ukishachanganywa hauwekwi pembeni kungoja simu iishe. Kama una shaka na kopo la zamani, tia nusu kijiko katika maji ya moto. Lisipochemka mapovu, litupe.

SWALI: Muheza embe zikianza tunakuwa nazo hadi zinaoza chini ya miti. Naweza kuziweka mahali pa matufaha? Na kobla iliyobaki niifanyeje?

JIBU: Unaweza, ila usifuate vipimo vya matufaha. Embe iliyoiva haihitaji kupikwa kwanza dakika kumi. Ipashe tu na konflawa mpaka itokote, ukiongeza konflawa iwe vijiko vikubwa viwili kwa kilo ya nyama ya embe, na ukipunguza sukari hadi gramu 50 au chini ya hapo. Ndimu usiiache, kwa kuwa embe tamu bila uchachu huchosha kinywa baada ya vijiko vitatu. Chagua embe zisizo na nyuzi, zikiwa zimeiva lakini bado ngumu kidogo zikibonyezwa. Mdalasini upunguze, iliki iongeze, na ukipenda badilisha nusu ya mtindi kwa tui zito la nazi, ingawa unga utakuwa mzito kidogo.

Iliyobaki funika, uiweke katika jokofu, ikae siku mbili au tatu. Kuipasha, irudishe katika oveni au juu ya mchanga wako kwa dakika kumi na tano bila kuifunika moja kwa moja, ili mvuke usiulainishe tena ule ukoko wa juu. Ukiipasha kwa mvuke, kama wengi tunavyopasha chakula cha jana, utarudi pale pale alipoanzia msomaji wetu wa Ngamiani.