Kabla hujaipenda picha, uliza mwenye haki nayo ni nani

Wiki iliyopita msomaji mmoja aliniandikia: "Dada, natamani kazi yako ya kuwatafutia watu wa filamu picha za zamani. Nianzie wapi?" Nilitaka kumjibu kwa mistari miwili, lakini zikanirudia zile sekunde 47 za filamu ya zamani.

Ni picha nyeusi na nyeupe. Mwanamke anashuka kwenye treni, anatua sanduku, anaangaza huku na huku, na hakuna aliyekuja kumpokea. Nilizisaka miezi mitatu. Nilipozipata kwenye hifadhi moja binafsi ya filamu, walinitumia nakala ya kutazamia, yenye jina lao katikati na taimkodi chini, yaani namba zinazohesabu muda wa picha. Mhariri akazipachika mwanzo kabisa wa filamu. Mwongozaji alitokwa na machozi. Leseni ya kuzitumia tukailipia: televisheni, nchi zote, miaka kumi. Nilijiona nimefika.

Siku nne kabla ya filamu kurushwa, ikaja barua. Hifadhi ile ilikuwa na mkanda tu. Haki zilikuwa za warithi wa mpiga picha, nao walikataa. Tukazitoa. Mtayarishaji aliniuliza mbele ya watu wote kama nilisoma mkataba. Nilikuwa nimeusoma. Kifungu cha hifadhi kuthibitisha kwamba haki ni zao hakikuwemo, nami sikugutuka. Mpaka leo filamu ile sijaitazama.

Basi mdogo wangu, kuwa na mkanda si kuwa na haki. Uliza nani alipiga, nani alimlipa, haki zikaenda kwa nani. Mwaka 2014 British Pathé, hifadhi ya Uingereza ya filamu za habari za zamani, walipoweka filamu zao 85,000 YouTube, wapo waliodhani zimekuwa za bure. Kutazama ni bure, kuzitia kwenye filamu yako kunalipiwa. Picha zilizopigwa na watumishi wa serikali ya Marekani kikazi, zikiwemo za NASA, kwa kawaida hazina hakimiliki nchini humo, lakini hata kwenye hifadhi za serikali mna mikanda ya watu wengine. Na wimbo unaosikika ndani ya picha una mwenyewe pia. Uliza tena.

Vijana mnapakua kwanza, mnauliza baadaye. Acheni. Yule mwanamke wa kwenye treni alikuwa mtu, aliyempiga picha alikuwa mtu, na ndugu zao wana haki ya kuulizwa kabla hatujawaliza watazamaji kwa huzuni yao.

Siku hizi kila kipande nakiandikia mstari wake: namba ya mkanda, taimkodi ya kuanzia na kuishia, mpiga picha, mwenye haki, tarehe aliyojibu. Safu ya mwenye haki ikiwa tupu, mhariri hapati hata nakala ya kutazamia, anipigie simu saa nane za usiku akitaka.