Hii Si Kopi: Maneno Machache kwa Anayetaka Kuanza Kuchapa Picha

Mteja mmoja alisimama mbele ya meza yangu pale Ndia Kuu, Mombasa, akaishika picha ya jahazi niliyoichapa kwa kibao cha kuchonga, akaigeuza mbele na nyuma kama anayekagua shuka, kisha akauliza, "Na yenyewe iko wapi?" Nikamwambia yenyewe ndiyo hiyo aliyoishika. Akaona nambari ya penseli pale chini, 4/15, yaani ya nne kati ya kumi na tano, akacheka. "Basi hii ni kopi, ndugu yangu. Nipunguzie."

Sikumpunguzia, ila jibu la kumpa sikuwa nalo. Nililipata jioni kwa nyanya, nilipomsimulia huku akikunja leso zake. "Kwani hii leso yangu ni kopi ya nani?" akaniuliza, wala hakuinua macho.

Kweli, leso ni ya nani? Zamani zilichapwa kwa mkono, kwa vibao vya mbao vilivyochongwa. Mapema katika karne ya 20, mfanyabiashara wa hapa hapa Mombasa, Kaderdina Hajee Essak, yule wa "Mali ya Abdulla", anatajwa kuwa ndiye aliyeanza kuzitia majina, yale maneno yanayokaa chini ya mji, juu ya pindo. Kila leso ina ndugu zake chungu nzima waliotoka pamoja nayo, na bado hakuna mtu Mombasa atakayekwambia leso aliyobebewa mgongoni ni kopi. Yeye atakwambia ni leso ya mamake.

Na ukifika Japani hadithi ni ile ile. Ile picha ya wimbi kubwa ya Hokusai, ya mwaka 1831 hivi, wengi hudhani kuna moja iliyochorwa kwa brashi ikafichwa mahali. Haipo. Kwa desturi ya kazi ile, mchoro wa msanii ulibandikwa kifudifudi juu ya ubao, na fundi akachonga akipita juu yake. Mchoro ukafa palepale. Kilichobaki ni ubao, na karatasi zilizotoka kwenye ubao. Kwa hiyo anayetafuta "yenyewe" nyuma ya nakala anatafuta kitu kilichokwisha kukatwakatwa na patasi.

Nimeanza na hili kwa sababu ukiingia kwenye kazi hii ukiamini ubao ndio sanaa na karatasi ni kivuli chake, utauogopa ubao. Miaka yangu miwili ya kwanza niliiharibu hivyo. Nilichonga wiki tatu bila kuchapa hata mara moja, nikijitunza, nikingoja kibao kikamilike. Nilipochapa, anga lote lilikuwa limeliwa na mikwaruzo na jahazi halikuonekana. Sasa nachonga robo, natia wino, nachapa, naitundika karatasi ukutani, nakunywa chai nikiiangalia. Kisha narudi kuchonga. Karatasi hizo za majaribio nazipenda kuliko zile ninazouza, lakini hilo ni langu.

Anza na lino. Ni ile sakafu aliyoivumbua Mwingereza Frederick Walton miaka ya 1860, ya mafuta ya kitani na unga wa koki, ile inayoziba chupa, vikishikiliwa na kitambaa cha gunia mgongoni. Zulia la plastiki wanalouza madukani ni kitu kingine, usidanganyike. Lino haina nyuzi kama mbao, kwa hiyo kisu kinakwenda popote unapokipeleka. Ikiwa ngumu, iweke dirishani juani dakika chache. Kwa jua letu italainika mpaka ikatike kama jibini. Ukikosa lino, plaiwudi inatosha, mradi ujue itapasuka ukikata kinyume cha nyuzi. Na mkono unaoshikilia kibao ukae nyuma ya kisu siku zote. Mimi nina kovu kwenye kidole gumba, sitaki tufanane.

Kuchonga kwenyewe nilifunzwa na mzee mmoja fundi wa milango, Kibokoni. Nilimwendea na mchoro wa ua, nikaanza kuchonga mistari ya ua. Akanitazama kwa muda. "Wewe waitazama mistari," akasema. "Sisi hatuchongi ua, mwanangu. Twachonga pembeni mwa ua, nalo ua husalia." Hapo ndipo nilipoelewa milango ya Mji wa Kale niliyokuwa nikiipita tangu utotoni. Kwenye kuchapa ni vivyo hivyo: ulichokitoa kitakuwa cheupe, ulichokiacha ndicho kitakachobeba wino. Kabla ya kugusa patasi, paka lino rangi ya kijivu nyepesi, uchore kwa kalamu nyeusi, kisha jizoeze kufikiri kwa weupe: mwanga unaingilia wapi? Hapo ndipo pa kukata.

Halafu kuna kinyume. Kila kitu hutoka kimegeuka. Jahazi lililokuwa likienda kushoto litakwenda kulia, na pengine hapana neno, lakini maneno hayasamehe. John Muafangejo wa Namibia alijaza maneno ndani ya picha zake za lino, na kila nikiziangalia hufikiria jinsi alivyolazimika kukata kila herufi ikiwa imegeuzwa. Mimi nilichonga SUBIRA siku mbili nzima, kwa herufi kubwa za kupendeza, na kuigeuza nikasahau. Ikatoka ARIBUS. Kilichoniuma zaidi ni kuwa U, I na A zilitoka sawa, hazijali kugeuzwa, huku S, B na R zikiwa zimenipa mgongo. Siku hizi nachora kwenye karatasi nyembamba, naigeuza, nanakili kutoka nyuma. Kisha nakishikia kibao kioo.

Wino ni suala la masikio. Upake juu ya kipande cha kioo, uuzungushe kwa rola mpaka usikie mlio mwembamba, kama sambusa zinapoanza kukaangika mafutani. Ukisikia unanata kwa fujo, umezidi, na mistari yako myembamba itazibwa. Wakati wa kaskazi, wino wa maji hukauka kwenye kioo kabla hujafika karatasini: zima feni, fanya kazi alfajiri. Mvua za mwaka zikianza mambo hugeuka, wino wa mafuta unakaa siku nyingi haukauki na karatasi zinaota koga. Zangu hukaa sandukuni ndani ya mfuko wa plastiki.

Mashine ya kuchapia usiingoje. Wajapani huilaza karatasi juu ya kibao chenye wino wakaisugua kwa mkono, na wengi huku hutumia mgongo wa kijiko. Mimi natumia upawa. Kifuu kilichokwisha kulainika kwa miaka ya kupakua mchuzi husugua vizuri kuliko chuma, kwa mizunguko midogo, kutoka katikati kwenda nje. Chagua karatasi nyembamba, utaona wino ukijitokeza kwa nyuma na utajua pa kuongeza. Inua pembe moja, chungulia, irudishe. (Nyanya aliutafuta upawa wake wiki nzima.)

Ukiridhika, amua idadi na uishikilie. Ukiandika 15, ni 15. Nambari kushoto, sahihi kulia, kwa penseli. Nakala hazitalingana sawasawa, moja itakuwa nyeusi zaidi, nyingine itakuwa na alama ya kidole. Ile ya kidole mimi nilikuwa naitupa. Sasa naiangalia vizuri kwanza.

Ile ARIBUS sikuitupa pia. Nyanya aliichukua akaibandika ukutani chumbani kwake, mkabala na kioo cha kabati. Anapofunga leso yake asubuhi, huisoma humo kiooni.