Jibu: Kigari cha waya cha zamani, kisuguliwe au kiachwe?

Kaka, umeuliza kama kigari cha injini (kile kidogo cha mchezo kinachofungwa kwa waya kwenye nguzo ya katikati na kuizunguka kwa kasi) ulichokikuta kwenye sanduku la marehemu babu hapo Lindi ukisugue king'ae, kisha ukiwashe. Usisugue! Wakusanyaji wanataka rangi ya zamani pamoja na mikwaruzo yake. Ukipitisha msasa unabaki na chuma chakavu kinachong'aa.

Injini kukwama si lazima iwe imekufa. Vigari hivi, vilivyoshika kasi Marekani miaka ya 1930, mara nyingi vililainishwa kwa mafuta ya nyonyo, nayo yakikaa miaka huganda kama utomvu wa mkorosho. Usishike koleo. Mimi huku Mikindani nililazimisha changu, nikasikia "tak!", konrodi (fimbo inayounga pistoni na mhimili wa injini) ikavunjika. Siku hizi naazima draya ya saluni kwa jirani (ananicheka sana), napasha injini polepole, nadondoshea mafuta mepesi kwenye tundu la plagi, naiacha ilale. Kesho yake najaribu kuizungusha kwa vidole tu.

Kukikimbiza ni habari nyingine. Waya wa zamani uweke kumbukumbu, usiufunge kwenye nguzo. Hewa yetu ya bahari inakula chuma kimyakimya. Kigari cha kilo 2 kikizunguka kwa kilomita 100 kwa saa kwenye waya wa mita 10 kinavuta kama mzigo wa kilo 16. Kwa 200, zaidi ya kilo 60. Na watoto wa mtaani wanapenda kusogea karibu.

Tuma picha ya chini ya chasisi, penye namba.