Andrew Davies aliandika huku akifundisha

Ukijiuliza kama mwalimu lazima aache kazi ndiyo aandikie televisheni, mtazame Andrew Davies, mwandishi wa tamthilia kutoka Wales. Mchezo wake wa redio ulirushwa na BBC mwaka 1964, lakini aliendelea kufundisha, baadaye Chuo Kikuu cha Warwick, mpaka alipokaribia miaka 50! Na chuo hakikumpotezea muda, maana kilimzalia A Very Peculiar Practice (1986), tamthilia ya madaktari wa chuo kikuu. Jina kubwa alilipata kwa kugeuza riwaya kuwa tamthilia: House of Cards 1990, Pride and Prejudice 1995. Kwenye sinema aliandika Bridget Jones's Diary pamoja na wenzake. War and Peace, riwaya ya Tolstoy, aliitoa kama tamthilia ya televisheni 2016, ana miaka 79. Mimi nisingeharakisha barua ya kuacha kazi.