Mgeni kaandika pweza ni "sick", meneja anataka barua ya msamaha

SWALI: Shikamoo mwalimu. Niko mapokezi kwa hoteli moja ndogo huku Bamburi. Wiki jana kijana wa London katuachia rivyu, kaandika "the octopus was sick bruv" na nyota tano juu yake. Meneja kafungua kamusi kaona sick ni mgonjwa, sasa mpishi yuko matatani na mimi nimeambiwa niandike barua ya msamaha. Mimi nahisi jamaa alipenda, lakini kamusi ndio hiyo. Maana yake ya kweli ni ipi?

JIBU: Marahaba. Barua usiandike. Pweza alikuwa mtamu, hakuna mtu anayeharishwa na chakula halafu akatoa nyota tano, na hiyo "bruv" ndio vijana wa London wanavyoitana ndugu. Mjibu asante umwambie na mpishi wako apumue.

Sa kilichonichoma mimi ni hilo swali la mwisho. Maana ya kweli! Nafundisha Kiingereza na kutafsiri karatasi za watu hapa mjini na haipiti wiki bila mtu kunijia na simu mkononi, mwalimu tazama, maana namba moja kwenye kamusi imesema hivi, yani namba moja ndio hakimu na hizo za chini zote ni mashahidi wa uongo. Namba si cheo jamani. Kamusi ya Merriam-Webster ya Marekani inapanga maana kwa umri, iliyozaliwa kwanza ndio inakaa mbele hata kama siku hizi haina mtu wa kuiita, na zile kamusi za Oxford za wanafunzi zenyewe zinaanza na inayotumika sana. Meneja wako kasoma mstari wa kwanza kafunga. Angeshuka chini kidogo angeikuta, manake sick ya kusifu imo humo humo ndani ya kamusi, si ya kuvizia mtaani, vijana wa Marekani walikuwa washaanza kuisema toka miaka ya 1980.

Na wale wa "asili ya neno" ndio hunimaliza kabisa. Haya, nice imetoka kwa Kilatini nescius, asiyejua kitu, na miaka ya 1300 ukimwita Mwingereza nice umemwita mpumbavu. Nenda harusini Jumamosi umwambie bibi harusi you look nice halafu umfafanulie asili.

Mbona kwetu hatusumbuki? Kali ni ya kisu, ya mbwa, ya jua la saa saba ukingoja feri Likoni, na mtu akisema gari kali hakuna anayeruka ukuta. Msichana akiambiwa amependeza vibaya anacheka, hakimbilii kamusi.

Kinachokwambia maana ni maneno ya jirani. "A sick goal" ni goli la kufa mtu. "He's sick" ni mgonjwa, lakini ongeza "at football" ashakuwa fundi wa mpira. "The food was sick" kwa kijana ni sifa, "the food made me sick" hapo tafuteni wakili, na "I'm sick of the food" hana ugonjwa ila amekinai. Neno lile lile, chakula kile kile.

Lakini tafadhali usiende sasa kununua zile PDF za WhatsApp, maneno mia tano ya mtaani uongee kama mzungu kwa wiki mbili, sijui nani aliwaambia wazungu wote ni kijana mmoja. Ile orodha haikwambii neno ni la umri gani wala la wapi. Nilikuwa na mwanafunzi mmoja anatembeza wageni Fort Jesus, kainunua, kaikariri, kamwambia nyanya wa Kiingereza kuwa kofia yake ni sick. Mama wa watu kaivua akaanza kuikagua kama ina uchafu.

Na usidhani hatari iko kwa slengi peke yake, mimi sick ya kawaida ndio inanitisha zaidi manake kila mtu anaona anaijua. Sisi huku na Wamarekani tukisema "I was sick" tunamaanisha tuliumwa. Mwingereza akisema "he was sick" mara nyingi anamaanisha katapika. Kuna familia ya watalii mtoto wao alichafukwa na tumbo usiku wakampeleka kliniki, mama akasema "he was sick four times last night", na karani ili aonekane msomi akaibadilisha akaandika kwenye fomu ya bima kwamba mtoto "has been ill four times". Bima wakarudisha fomu wanauliza huyu mtoto ana maradhi gani ya zamani yaliyomrudia mara nne na mbona hamkuyataja mlipokuwa mnakata bima. Nikaitwa mimi niandike barua ya kueleza kuwa mtoto alitapika tu, usiku mmoja, basi. Nikamuuliza yule karani hiyo ill umeitoa wapi, akachomoa simu akanionyesha. Namba moja.